Herufi K

Waliileta shafti imefungwa kwenye khanga.
Kaombwe mwenyewe aliibeba kutoka Kibirizi,
suruali bado na tope la Kabogo:
usiku kucha mkondo uliwakokota, abiria thelathini na wawili,
magunia ya dagaa, na injini ikitafuna bila meno.

Fundi Ntakamulenga hakuuliza kitu.
Aliosha jeraha kwa mafuta ya taa, akaligeuzia mlangoni.
"Chuma hakisemi uongo. Huchelewa tu kusema."

Nikaona ufukwe.
Mistari myembamba, mmoja nyuma ya mwingine,
kama ziwa linavyojiandika mchangani likipungua Agosti;
kila mstari labda safari moja ya Kalya na kurudi,
ufa ukisogea unywele mmoja,
mpaka kikabaki kipande kizima, kidogo kama kisoda,
kilichobeba mzigo wote
kikakatika mara moja.

Nikairudisha mistari kinyumenyume kwa ukucha.
Ilianzia juu, kwenye ngozi ya chuma,
katika pembe kali ya herufi K.

K ni mimi. Kezia.
Miaka miwili nyuma, shafti yangu ya kwanza,
niligonga muhuri kwa nyundo ili nijulikane.

Hakunitazama. Alinituma mawese.

Madebe mawili, ya Mwandiga, mekundu, mazito;
maji yana pupa, yangeipasua.
Ekseli ya Fuso kuukuu, tuliyokwisha kuikereza,
tukaizika kwenye makaa ya mninga
mpaka sumaku ikashindwa kuishika.
Hapo, na kidogo zaidi, kaboni imetawanyika ndani
kama wageni harusini, kila mmoja na nafasi yake.
Tukaizamisha. Karakana nzima ikanuka mboga.
Mlango umefungwa ghafla, hakuna aliyewahi kutoka;
wamebanana, wanasukuma kuta,
na kubanana huko ndiko ugumu.

Tupa iliteleza juu yake bila kukwaruza.
Nikacheka kwa furaha.
Akaokota kipande kilichozama pamoja nayo,
akakiangusha sakafuni. Vikawa viwili.

"Rudisha motoni. Polepole."
Rangi nazijua: njano ya majani makavu ni ya patasi,
zambarau ya shoka, buluu ya springi.
Buluu ilipofika nikanyoosha koleo,
ilikuwa nzuri mno, ziwa la saa nne asubuhi.
"Bado. Uzuri huo si wa shafti."
Ikafifia. Ikaja kijivu cha jivu la jana,
rangi isiyopigwa picha na mtu,
na humo chuma hujifunza kupinda kabla ya kuvunjika.

Jioni akanipa msasa laini, kisha laini zaidi.
Nikasugua hadi vidole vikafa ganzi.

Kaombwe aliipapasa kotekote.
"Mbona hamkuandika aliyeitengeneza?"
Fundi alikuwa anafagia.

Muhuri upo. Siku hizi
naugonga kwenye madebe ya mawese.