Amueni

Mimi sina kauli hapa. Nalipwa kwa saa
nibebe maneno ya watu bila kuyamwaga.
Leo ni Auburn, ng'ambo ya mto kutoka Lewiston,
Machi, buti zimelowa, zulia la mahakama linanuka mbwa,
na Nabintu wa Bukavu ameketi kushoto kwangu,
mfuko wa plastiki mapajani,
ndani yake miezi kumi na tisa.

Ombi la leseni ya kulea watoto nyumbani.
Mkaguzi wa moto alikuja, akapima dirisha,
akabonyeza kengele za moshi hadi jirani akagonga ukuta.
Alama za vidole zilichukuliwa mara mbili,
maana za kwanza zilipitwa na wakati zikingoja.
Viti kumi vidogo alivinunua kwenye mnada wa kanisa,
vyekundu, kimoja kina jina la mtoto asiyemjua
limechongwa kwa ufunguo: Wendell.
Kila alipopiga simu, sauti ileile:
linashughulikiwa.
Nimelitafsiri neno hilo miaka minane
na bado sijui lina miguu mingapi.

"Watoto niliowaandikia majina," ananinong'oneza,
"sasa wanapanda basi la shule. Wananipungia mkono dirishani."

Wakili wa idara akasimama, tai ya kijani,
akasema ofisi ina uhaba wa watu, mafaili ni mengi,
na hakuna sheria inayotaja siku.
Nikalibeba hilo pia. Halikuwa jepesi.

Jaji akavua miwani. Mwanamke mfupi, ana mafua.
Akasema: siwezi kuwashikia kalamu yao.
Lakini kalamu iliyolala mezani mwaka na nusu
hiyo si busara, ni kukimbia kazi.
Siku thelathini. Amueni.
Akapenga kamasi, akaita kesi nyingine.

Nabintu: "Banasema nini? Bananipa?"

Hapo ulimi wangu ukasita.
Hakusema mpeni. Hakusema mnyimeni.
Kwetu Tanga, watu wakikabana koo sokoni
huitwa mtu mwenye kifua aje awaamue:
haulizi nani mkweli, anawatenganisha tu,
kila mmoja apate pumzi yake.
Nikamwambia: mama, amewaamua,
wewe na kungoja.

"Na bakikataa?"

Watakataa kwa maandishi, na sababu, na tarehe.
Akafikiri, akiufunga mfuko fundo la pili.
"Hapana nayo ina mkia," akasema,
"mtu anaweza kuushika. Kimya je, utakishika wapi?"

Siku ya ishirini na tisa akanipigia, saa kumi jioni.
Nikavuka daraja kwa miguu. Androscoggin umejaa,
maji ya kahawia yanasukumana na magogo.
Bahasha ya idara ipo katikati ya meza, nyembamba,
kidirisha chake cha nailoni kinatutazama.
Nikanyoosha mkono. Akaupiga kofi la utani.
"Bado. Kula kwanza."
Akaleta fufu na sombe, akaninawisha,
akasimulia habari za mwanawe anayejifunza kuendesha gari,
jinsi alivyogonga pipa la taka la mchungaji,
akaondoa vyombo, akaviosha, akavifuta kimoja kimoja.
Mimi nimekaa kwenye kiti chekundu, magoti kidevuni,
kwa kuwa vikubwa viko viwili tu na kimoja kina nguo za kupiga pasi.
Kidole changu kikalipapasa jina la Wendell.

"Nifungue?" nikauliza.

Akaitazama saa ya ukutani, kisha bahasha,
akanyoosha mgongo kama karani wa serikali.
"Inashughulikiwa," akasema,
na akaenda kuchemsha chai.