Kidimbwi cha Katwe

Usiku mvua imenyesha Katwe.
Wenye migomba huko juu wanashukuru;
mimi nimesimama ukingoni,
kitenge nimekifunga juu ya magoti,
natazama chumvi ya wiki tatu
ikirudi kuwa maji.

Deni la ada ya shule halikuyeyuka.
Wala kikohozi cha Baluku.

Nikaketi. Nikalitukana wingu kwa Kikonzo,
nikarudia kwa Kiswahili,
lisije likajidai halikusikia.

Ndipo nikamwona Biira wa kidimbwi cha pili,
aliyemzika mumewe mwezi wa tatu,
anachota maji kwa kopo la rangi,
anamwaga nje, anachota, anamwaga.
Hakunipa pole.
Hakunitajia subira wala heri yake.
Alinirushia kopo jingine,
lenye tundu ubavuni, akasema:
"Ziba kwa kidole."

Nikaziba.
Kidole kina jeraha la juzi.
Maji yakaniuma hadi kwenye mfupa,
nikasonya, kisha nikacheka kidogo, peke yangu:
kumbe chumvi bado imo,
humu humu majini,
haijaenda popote.