Samaki wa Kompyuta ya Tatu

Maji kwanza, alinieleza Otiato, halafu mtu.
Bahari ya matofali hukaa tupu, bluu tupu,
mpaka mtu aisogelee. Hapo ndipo samaki hutokea.
Hawana yai, hawana mama.
Hapakuwa na kitu, na sasa kuna kundi la kahawia,
wekundu wawili, na yule wa miiba anayevimba kwa hasira.
Ukienda mbali wanafutika.
Hawakuliwa. Hawakuoza.
Ni kwamba hakuna aliyebaki karibu.

Alikuwa na miaka kumi, sweta limetoboka kiwiko,
sarafu ya ishirini imeshika joto la ngumi yake.
Saiba yangu iko Kariobangi, nyuma ya kinyozi:
kompyuta nne, na ya pili haina herufi M.
Ishirini ni nusu saa.
Mama yake alikaanga mgongo wazi pale kona,
kichwa, uti, mkia;
minofu ilishapanda ndege zamani.
Samaki mwenye mbavu zilizofunikwa
mtoto huyu alimjulia kwenye kioo changu.

Siku moja akamtupa mmoja nchi kavu, makusudi.
Samaki akaruka, akajipiga ubavu, akajipiga ubavu,
akageuka mwekundu, kisha moshi mdogo mweupe.
Otiato akatoa mkono kwenye kipanya.
"Wa kweli nao huacha moshi?"
Wa kweli huacha harufu, nikasema.
"Hiyo naijua," akasema, akanusa mkono wa sweta.

Juma lile mifereji ilikuwa imekauka tangu Jumatatu,
mtungi umefika shilingi hamsini,
na mimi nimepanga yangu mlangoni, mitupu, kama wagonjwa.
Yeye huko ndani anachota mto kwa ndoo moja
na mto haupungui.
Mtoto wewe, nikamwambia, hebu niletee huo mto.
Hakugeuka. Alikuwa anachimba.

Shimo la nne kwa nne, ukuta wa kioo, taa chini.
Akawabeba mmoja mmoja kwa ndoo, kutoka baharini,
safari ndefu, usiku wa mchezo ukimwingilia,
mazimwi yakimpiga mgongoni naye hamwagi.
"Aliyebebwa hafutiki," akasema.
"Hata nikienda mbali. Hata ukizima."
Stima ikapotea wakati huohuo, mtaa mzima ukaguna.
Gizani akauliza, kwa sauti ya chini,
wako wapi sasa.
Sikuwa na jibu la saiba. Nikawasha mshumaa.

Ilipowaka, muda wake ulikuwa umeisha zamani.
Alitaka dakika chache tu, kuna mmoja hajapewa jina,
na mwenye jina ndiye hasa wa kudumu.
Nikampa za shilingi kumi, za kulipa kesho.
Akafikiri. Akaandika kwa kidole kimoja:
DENI.
"Ili lisipotee," akasema, na akatoka mbio.

Kesho hakuja.
Chumba chao kilikuwa na kufuli jipya la mwenye nyumba,
nje karai limepinduliwa, mafuta yameganda.
Wengine walisema Ruai. Wengine, Busia.
Mwenye kinyozi alisema watu hawa huhama usiku,
akaendelea kunyoa.

Jumapili, wateja wakiwa kanisani, huingia mwenyewe.
Mimi mtu mzima, na funguo zangu shingoni,
nasimama kwenye ukingo wa bahari ya miraba
na wanakuja, wa kahawia, kundi, kwa sababu nimesimama.
Nikiondoka, basi.
Kisha naenda shimoni.
Deni yupo. Anazunguka. Hali, hakui,
anagonga kioo kwa pua, anageuka.

Mwezi jana fundi alikuja kusafisha mashine.
Akasema ya tatu imejaa, kuna dunia humu inakula nafasi,
haijachezwa tangu Machi, nifute?
Acha, nikamwambia. Kuna mtu namdai.
Akanitazama.
Nje mtu akapiga kelele kwamba maji yamekuja,
na sote wawili tukakimbilia ndoo.