Mishipa ya Fahamu

Ilianza na sindano kuanguka.
Sikuisikia ikitoka vidoleni;
niliisikia ikilia sakafuni,
nikadhani ni ya mtu mwingine.

Wiki mbili nyuma tumbo lilinisokota siku tatu.
Nikanywa maji ya chumvi na sukari, likapita,
nikalisahau.

Jumatatu nyayo zikavaa soksi nisizozivaa.
Jumatano magoti yakakikataa kizingiti.
Ijumaa nililishwa uji na binti yangu Raya,
miaka saba, akinipangusa kidevu
vile vile nilivyokuwa nikimpangusa.

Limbani nzima ilijua sababu kabla ya daktari.
Kakanyaga kitu. Kijicho cha washona kofia wenzake.
Kikulacho ki nguoni mwako, alisema wifi yangu Mize,
akatazama, bila kutaja jina,
upande wa nyumba ya Bi Mgeni.

Unguja, wodini, daktari kijana
alinigonga goti kwa kinyundo cha mpira.
Goti likakaa kimya kama mtu aliyenuna.
"Hesabu kwa pumzi moja."
Nilifika kumi na tisa. Kesho yake, kumi na moja.
Aliandika. Sikupenda alivyoandika.

Ni mishipa ya fahamu, alisema,
nikacheka kwa upande wa mdomo uliobaki:
mishipa ya fahamu, na mie sifahamu lolote.
Akaleta askari: mwili una askari wake,
wamemkamata mwenye nyumba.
Mie na askari wapi na wapi.
Akaleta waya wa umeme uliochunwa mpira.
Umeme kwetu hukatika bila kuchunwa.

Nilifahamu usiku, macho darini,
kwa mambo ya kofia.

Mwaka ule Bi Mgeni aliingia kwangu bila hodi,
akaikuta kofia ya harusi ya Shaame juu ya mto,
akaona ua lake, majani sita, kitundu katikati.
"Umeniibia!"
Akatoa mkasi, akafumua kazi ya miezi minne,
na kila alichofumua alikifumua vizuri,
kwa mkono wa mtu anayeijua kazi.
Ua lilikuwa la marehemu mama yangu.
Lina majani saba.
Lakini kwa hasira, sita na saba ni ndugu.

Basi ndivyo.
Kidudu cha tumboni kilivaa ua
lililofanana na ua la mishipa yangu.
Mwili ukalikariri, ukaapa.
Kidudu kikafa, kiapo kikabaki,
na mkasi ukaanza miguuni, ukipanda.
Kweli, Mize, ki nguoni,
ila nguo yenyewe ni ya mshipa,
na mkono ni wangu.
Haukunichukia. Ulinilinda vibaya.

Dawa ilikuja na boti ndani ya barafu,
vichupa vyenye bei ya ng'ombe na mikarafuu minne.
Siku tano ikadondoka. Haikushona kitu.
Daktari alisema kweli: hii inaunyang'anya mkasi tu,
kushona utashona mwenyewe,
na mshipa hauna haraka.

Bi Mgeni naye, siku ile, alipoyahesabu majani
alinyamaza. Hakuomba radhi kwa mdomo.
Alirudi magharibi na sindano yake,
akakaa kwenye mkeka wangu, akashona alipofumua.
Mwezi wa kwanza hatukusemezana.
Shaame aliivaa. Ukiigeuza ndani
utaona nyuzi nyeupe za aina mbili.

Ndiye anayenisugua nyayo sasa, kwa mafuta ya nazi,
akilalamika nina visigino vya mkulima.

Huu mwezi wa sita. Leo asubuhi
kidole gumba cha kulia kiliniambia jambo.
Sikukiamini. Nikamwita Raya:
"Sakafu ina baridi?"
Akaweka wayo wake kando ya wangu, akafikiri.
"Kidogo."

Sindano bado huniponyoka.
Yeye huiokota, huitia uzi,
hunirudishia.