Taa ya Zambarau

Chini ya kaunta yangu, Barabara ya Kirinyaga,
kati ya boksi la bearingi na chai iliyopoa,
ipo taa ndogo ya zambarau.
Haimuliki kitu. Kazi yake kuhoji.

Noti halali huingia na kunyamaza.
Karatasi hubaki giza, kama udongo ulionyeshewa,
kisha uzi mmoja unaamka,
na vinyuzi vifupi, vyekundu, vya kijani,
vimetawanyika kama nywele kwenye sakafu ya kinyozi.
Basi. Haijisifu.

Ya bandia ndiyo hung'aa yote,
buluu, ukingo hadi ukingo,
kama shati la harusi lililotoka kwenye sabuni ya unga.

Jana Nyamweya, fundi wa breki,
alinipa elfu moja aliyolipwa usiku,
gereji nzima stima imepotea,
mteja akiwa na haraka.
Nikaisukuma chini ya taa. Ikawaka kama mbalamwezi.
Akatabasamu:
"Si unaona inavyong'ara?"

Sikumjibu.
Nilitazama vidole vyake,
mafuta ya injini yakimeta buluu hafifu kwenye kucha,
na mkono wa shati langu,
niliolifua Jumapili kwa mikono yangu,
uking'aa kutushinda sote.

Nikazima taa.
Mchana ukarudi na vumbi lake na kelele za nyundo,
na noti ikawa noti tena,
kwa muda ule mfupi
kabla sijafungua mdomo.