Shubaka

Jina langu huja mwisho kabisa, taa zishawashwa,
watu washavaa viatu, wanatafuta funguo:
Ussi Vuai Khatib, mandhari na mapambo.
Mama alikufa hajaacha kuuliza:
"Hivi wewe, nyumba gani uliyojenga ikasimama?"

Nilianza na vibao vya maduka, Kikwajuni,
herufi nyekundu, kivuli cheusi, malipo kwa neno.
Wakaja wenye kamera, wakitaka mji wa zamani
ndani ya mji wa zamani.
Nikajifunza kuficha: madishi, nyaya, mita za umeme.
Kiyoyozi cha duka la dawa nikakivisha pakacha.
Nikajifunza kuzeesha: chai ya rangi kwenye bomba la kupulizia,
masizi ya kibatari, mtindi pembezoni ili ukuta uote kuvu.
Ukuta wa Jumatatu, ikifika Ijumaa
una miaka sabini na madeni yake.

Kisha tukaagizwa nyumba ya Ng'ambo,
ya udongo na boriti, kabla ya maghorofa ya Michenzani.
Picha hakuna. Ramani hakuna.
Nikamleta shangazi, Bi Time, aliyezaliwa humo
akahamishwa na kitanda na mbuzi mmoja.

Alipiga hodi kwenye mlango wa plaiwudi,
akangoja.
Nikamwitikia, ningefanyaje?
Akaingia kwa mguu wa kulia. Hakusifu kitu.
Alinyoosha mkono gizani, bila kutazama,
kulitafuta shubaka la kibatari,
mkono ukagonga ukuta.

"Umelipandisha shibiri moja," akasema.
"Mama alilitoboa chini
ili na mimi nifikie."

Mwongozaji akatazama saa. Shubaka lenyewe, alisema, halimo kwenye picha.
Kweli halimo. Siku nne kamera ilikodolea dirisha.
Usiku ule nikaliziba, nikalitoboa upya, chini,
shibiri moja:
shibiri yake, si yangu, nilikwenda kumpima kwa uzi.

Kazi ilipokwisha, nyumba ikagawanywa ubao kwa ubao.
Kipande chenye shubaka alikichukua Faki wa Kwahani,
akatengenezea banda la kuku.

Nikipita pale hushuka baiskeli.
Mama, ile pale, imesimama, ina misumari yangu,
na tetea mmoja mweupe, mkali,
kakataa kabisa kiota alichowekewa:
hutaga shubakani.