Ujira wa Kutazama

Amri ilifika kituoni ndani ya mfuko wa plastiki,
kurasa sita, muhuri wa Ernakulamu.
Mvua ya Juni ilikuwa imepenya pembeni
ikalowesha neno "ulinzi" hata wino ukaota ndevu.
Inspekta Raveendranathan aliisoma mara mbili,
akatuhesabu kwa kidole: wewe, wewe, wewe, na Bindukala.
Bindukala ni mimi.

Tukapangwa mbele ya duka la vigae la Thresiamma,
mjane, miwani imefungwa kwa uzi,
stakabadhi zake zote ndani ya leso moja.
Lori lilikuwa limelala pale siku tatu,
maboksi mia nne na kumi,
na dereva alikuwa amefua shati, kalianika kwenye usukani.

Ng'ambo ya barabara, mahamali.
Mashati ya buluu, taulo nyekundu vichwani,
wamekaa ukingoni mwa mtaro kama wanaosubiri kunyolewa.
Hawakurusha jiwe. Hawakutukana.
Walitazama tu.

Na kutazama, kwetu, kuna bei.
Shusha mwenyewe, ishushe mashine,
wao wanatazama na wewe unalipa.
Thresiamma alilipa miaka kumi na mmoja.
Mwaka huu akaenda kwa jaji.

Basi vijana wake wa kutoka Asamu wakapanda lorini,
Nripen na mdogo wake,
wembamba, hawana ngata, maboksi wameyakumbatia kifuani
kama watu waliobeba watoto wenye homa.
Boksi la tatu likaponyoka.
Mlio wake!
Ng'ambo kuna mtu akasonya,
na haikuwa dhihaka. Ulikuwa uchungu wa fundi
aonapo kazi yake mikononi mwa asiyeijua.

Nilimjua aliyesonya.
Chathappan. Alibeba pamoja na baba yangu soko la mchele,
miaka ile gunia ni kilo mia
na malipo ni chai na pole.
Baba alikuwa na upara wa duara utosini,
si wa uzee, wa ngata.
Usiku mama akiupaka mafuta ya nazi
akiuita "kisahani changu".
Chama ndicho kilichompa kadi, na likizo, na daktari wa shingo.
Chama ndicho kilichonilipia ada
hadi nikavaa kofia hii.

Chathappan akaniona. Macho hayana pazia.
Akainua kidevu, kidogo tu,
kama anayeuliza:
binti wa Kochukuttan, na wewe leo umebeba nini?

Nimebeba kirungu.
Nimebeba nakala ya amri, ya nne, haisomeki.
Nimesimama mvuani tangu asubuhi nikiwatazama wanaotazama,
sijagusa boksi hata moja,
na mwisho wa mwezi serikali itanilipa.

Saa kumi Thresiamma akatuletea chai, glasi tano.
Akasita. Akarudi ndani,
akatoka na sinia zima, akavuka barabara
bila kutuomba ulinzi.
Sikusikia alichosema. Niliona mikono:
mmoja ulipokea, mwingine ukakataa,
na Chathappan akaishika glasi yake bila kunywa
mpaka mvua ikaijaza.

Lori likaondoka tupu, limepanda magurudumuni
kama mtu aliyevuliwa koti.
Nripen akaketi kwenye ngazi, mikono inamtetemeka,
akijaribu kuwasha kiberiti kilicholowa.
Inspekta akafungua kitabu, akaandika: Hali shwari.
Halafu akatuuliza, kalamu hewani,
"Yaliyovunjika mangapi?"

Tukatazamana. Hakuna aliyehesabu.

Ng'ambo, bila kuulizwa,
Chathappan akainua vidole saba.